Jiwe Lililoanguka Polepole

Jiwe lilimponyoka Nakijwa wakati wa chai, mbele za watu, naye akacheka.

Walikuwa katika chumba cha mapumziko cha kituo cha Soni, yeye na Tabea, mwenzake wa kupokezana zamu. Simu ya Nakijwa ilikuwa pembeni imechomekwa kwenye chaji. Tabea alimsukumia yake juu ya meza.

"Hebu nipitishie raundi ya tano, dada. Kila asubuhi hiyo inanitoa jasho."

Nakijwa aliipokea kama mpishi mzoefu anayeombwa kuonja mchuzi wa mwenzake. Akarusha. Jiwe likapaa juu ya kioo, vidole vyake vikateremka kuzoa kokoto shimoni, na kabla havijamaliza nusu ya kazi, jiwe likawa limeshatua. Simu ikatetemeka kidogo kumjulisha kwamba ameshindwa.

"Simu yako ina mafuta," alisema, akaifuta kwa mkono wa sweta.

Akarusha tena, likatua tena. Akashuka raundi ya tatu, akashindwa. Raundi ya pili, ambayo watoto wa chekechea huicheza huku wakimung'unya ubuyu, aliivuka kwa kubahatisha.

Tabea alikuwa akicheka mpaka chai inamwagika. "Leo umeamua kunifurahisha. Bingwa anajifanya bibi kizee."

Nakijwa naye alicheka. Ndani ya kifua chake, hata hivyo, kitu fulani kilikuwa kimeacha kucheka.

Mdako ulikuwa mchezo wa watoto tangu enzi za vumbi na vishimo uani: unarusha jiwe, unazoa kokoto, unalidaka jiwe kabla halijafika chini. Madaktari wa neva ndio walioupeleka kwenye simu. Waligundua kwamba jinsi mtu anavyozoa na kudaka inaeleza habari za macho yake, vidole vyake na nyuzi zote zilizo katikati, na inazieleza mapema kuliko kipimo chochote cha hospitali. Haukupita muda, ukaingia kwenye sheria. Kila mtu ambaye roho za wengine zimo mkononi mwake, awe daktari wa upasuaji, rubani au dereva wa bembea, yale mabehewa yanayopanda milima kwenye waya, alipaswa kucheza mdako kila asubuhi kabla ya kushika kazi. Ukipita, simu yako inafungua mtambo wako. Usipopita, unakwenda kupumzika, na hakuna wa kumbembeleza wala kumhonga. Watu waliupenda kwa sababu hiyo. Waliucheza pia kwa kujifurahisha, wakashindana, na kwenye ubao wa kituo jina la Nakijwa Mmbaga lilikuwa juu ya majina yote ya mstari wa Mombo mpaka Soni.

Aliichomoa simu yake kwenye chaji. "Niazime yako kidogo, mdogo wangu. Nataka kumpigia Elinami, yangu haijashika moto bado."

Hakumpigia binti yake. Aliingia stoo, kati ya magurudumu ya akiba na madumu ya grisi, akaziweka simu mbili sambamba juu ya kreti. Akafungua mdako kwenye zote mbili. Akaweka kidole kimoja huku na kimoja huku, akarusha kwa mpigo mmoja, kisha akaondoa mikono, akatazama tu.

Mawe mawili yalipaa pamoja. La Tabea likatua. La kwake lilikuwa bado hewani.

Alirudia akitumaini kwamba ameona vibaya. Hakuwa ameona vibaya. Jiwe lake lilishuka kwa upole, kama mtu anayempa mgonjwa kikombe na kusubiri vidole vifumbe ndipo akiachie. Hapo ndipo alipoelewa kwa nini hakuwahi kuhisi kitu. Mchezo haukumdanganya kwa kumpa alama ambazo hakuzipata. Ulikuwa ukimsubiri. Kadiri mkono wake ulivyochelewa, nao ulichelewa, asubuhi baada ya asubuhi, na yeye akaendelea kudaka na kujiona mzima.

Nje, kengele iliita. Bembea ya watu thelathini ilikuwa imeshaondoka Mombo.

Barabara ya kutoka bondeni haikuwapo tena. Mvua za miaka ile ziliibeba pamoja na madaraja yake, na milima yote ya huku juu, na hospitali yake na masoko yake, ikabaki kuning'inia kwenye waya. Kompyuta iliendesha bembea kipande kirefu cha katikati. Lakini kwenye mlango wa Soni, pale ambapo upepo wa bonde hugeuka bila taarifa, sheria ilitaka mikono ya watu: dereva kwenye breki ya juu, na mshika breki wa pili chini jukwaani. Nakijwa alikuwa ameishika breki ya juu kwa miaka kumi na minne.

Alitoka stoo, akamrudishia Tabea simu.

"Nishikie zamu," alisema. "Kichwa kinanigonga."

"Dada, u mzima kweli? Umekuwa mweupe midomo."

"Nenda kashike breki, Tabea. Nenda sasa hivi."

Alisimama dirishani akaitazama bembea ile ikiingia, ikatulia kwenye jukwaa bila hata kutikisa abiria. Ndipo akakaa chini, kwa sababu alikuwa ameikumbuka ile nyingine.

Ile nyingine iliingia mwezi wa sita, siku ya upepo. Iliingia kwa kasi, ikagonga ukuta wa jukwaa, na Fatna, muuza maua kutoka Lushoto aliyekuwamo ndani amesimama mlangoni na ndoo zake, alikufa palepale. Kumbukumbu za mtambo zilionyesha kwamba waya ulichelewa kushikwa. Hazikuonyesha umechelewa mikononi mwa nani. Baraza la Usalama wa Waya likaangalia mdako wa asubuhi hiyo. Wa Nakijwa ulimeta kama kawaida. Wa mshika breki wa chini, Mzee Shekiondo, ulikuwa wa mtu wa miaka hamsini na tisa: umepita, lakini kwa kujikongoja. Nakijwa aliitwa mbele ya baraza, akaulizwa kama alivuta kwa wakati. Alijibu alichokiamini.

"Nilivuta kwa wakati," alisema siku ile. "Mkono wangu naujua."

Mzee Shekiondo alifukuzwa kazi.

*

Mbonea alikuwa uani akichambua maharage. Alikuwa mwonja chai katika kiwanda cha huko juu, mwanamume mtaratibu ambaye alikunja hata mifuko ya plastiki kabla ya kuihifadhi. Alipomwona mkewe anarudi kabla ya saa zake, alianza kuinuka.

"Kaa," Nakijwa alisema. Akaiweka simu juu ya ungo, katikati ya maharage. "Baba Elinami, mwaka jana kioo cha simu hii kilipopasuka, uliipeleka Mombo kwa fundi. Fundi gani?"

Mbonea aliitazama simu kwa muda. Hakuuliza kwa nini.

"Kigoda," alisema. "Yule wa nyuma ya stendi."

"Alifanya nini zaidi ya kioo?"

"Mama Elinami, kaa kwanza, nikuletee maji."

"Sina kiu. Nimekuuliza."

Akaeleza. Aliongea kwa sauti ile ile anayoitumia kueleza kwa nini chai ya mwezi wa nne ni chungu. Kila simu inayotoka kiwandani, alisema, ina chumba cha ndani ambacho hata mwenye simu haruhusiwi kukiingia, na humo ndimo mdako unamoweka saa yake. Vijana wa mitaani wanakivunja kufuli chumba hicho, wanaita kuruti. Simu ikisharutiwa, fundi anaamuru chochote. Wengi wanafanya hivyo kwa ajili ya kuchakachua magemu ya kawaida, wapate sarafu za bure, wamshinde jirani. Mdako una walinzi, ukigundua simu imerutiwa unakataa kufunguka. Kwa hiyo Kigoda aliifundisha simu kudanganya. Kwanza ijidanganyie yenyewe kwamba haijavunjwa. Kisha idanganye saa. Mchezo unapoanza, saa ya ndani inalala kidogo, kwa kipimo cha mkono wa mchezaji, na kule serikalini linafika jibu kwamba kila kitu kimekwenda kwa muda wake.

"Kwa kipimo cha mkono wangu," Nakijwa alisema.

"Ndiyo."

"Kwa hiyo wewe ulijua mkono wangu ukoje. Mimi sikujua."

Mbonea aliokota haragwe moja lililooza, akalitupa. "Nilianza kuona kabla ya mvua. Vikombe. Vifungo vya blauzi, ulikuwa unavitafuta kama mtu gizani. Nikamkumbuka mama."

Mama alikuwa mama yake Nakijwa. Alianza kwa kuangusha vikombe, akaja akaangusha maneno, na mwishowe alilala miaka minane huku bintiye akimgeuza ubavu.

"Na hukuniambia."

"Wewe mwenyewe ulinikataza." Kwa mara ya kwanza alimtazama usoni. "Siku tuliyomzika. Tulikuwa hapahapa, watu wameshaondoka. Ulisema, 'Likija kwangu, Baba Elinami, usiniambie. Niache niishi nikiwa sijui.' Nilikuahidi."

Alikuwa amesema hivyo. Aliyakumbuka maneno, alikumbuka hata kaniki aliyokuwa amejifunga kiunoni. Na kwa kitambo kifupi hasira yake ilikosa pa kusimama, kwa sababu alimwona mumewe jinsi alivyokuwa: mtu aliyeshika ahadi moja kwa mikono miwili na kuacha vingine vyote vianguke.

"Nilisema usiniambie," alijibu polepole. "Sikusema nipe watu thelathini kila safari niwabebe nikiwa kipofu. Ungeweza kunificha ugonjwa ukanitoa kazini. Ungevunja mguu wangu. Ungeichoma moto hii simu."

"Ungepotelewa na kazi. Wewe bila ile breki ni nani? Ulikuwa unarudi hapa unaimba. Nilitaka uimbe mwaka mmoja zaidi. Nikajihesabia kwamba ungali ndani ya mipaka, kwamba ukizidi nitasema."

"Na mwezi wa sita?"

Kuku mmoja alikuja, akadonoa haragwe kwenye ungo, wala hakuna aliyemfukuza.

"Ulikuwapo," Nakijwa alisema. "Siku ya baraza. Ulivaa koti lako la kijivu, ulikaa mstari wa pili, nyuma ya mke wa Mzee Shekiondo. Nilipokuwa nasema mkono wangu naujua, nilikutazama wewe. Nilitafuta nguvu kwako, ukaniinamishia kichwa kama kusema ndiyo, sema. Unakumbuka?"

"Nakumbuka."

"Ulijua nasema uongo, na mimi sijui kama nasema uongo. Umenifanya nimzike mtu aliye hai kwa mdomo wangu, Mbonea. Na bado ukala chakula nilichopika jioni ile."

Hakumwita Baba Elinami. Wote wawili walilisikia hilo.

Alipozungumza tena, Mbonea alizungumza kwa haraka, kama anayehofia mlango utafungwa. Alimsihi aache kazi tu. Aseme amechoka, nani atamkatalia? Fatna hatafufuka. Wakijua simu ya dereva mmoja imechakachuliwa, hawataiamini ya dereva yeyote, watasimamisha waya mzima mpaka wakague kila simu, na hospitali huku juu inapata dawa na damu kwa waya ule. Wapo wagonjwa watakaokufa wakisubiri. Na yeye Mbonea atafungwa. Na Elinami aliyeko chuoni Dodoma, atasomaje na sura ipi?

"Elinami," Nakijwa alirudia. "Ana damu ya mama yangu na yeye. Vikombe vikianza kumponyoka, na yeye utamchakachulia?"

Mumewe alifunika uso kwa viganja.

"Kesho nakwenda kwa Mzee Shekiondo," Nakijwa alisema. "Kisha nakwenda kwa baraza. Sitakutaja. Simu ni yangu na mkono ni wangu, nitaeleza ya kwangu. Lakini watauliza nani aliipeleka kwa fundi. Hapo utasimama wewe, kwa miguu yako, ujitaje."

"Nitasimama," Mbonea alisema. Machozi yalikuwa yanapita katikati ya vidole. "Nakuapia, Mama Elinami. Niachie hilo nilifanye mwenyewe. Angalau hilo."

Alimwamini. Hilo ndilo lililokuja kumshangaza baadaye, kwamba siku ile ile, baada ya yote yale, bado alimwamini.

*

Mzee Shekiondo aliishi kwenye mteremko juu ya soko la Soni, katika nyumba yenye miti ya matunda damu. Alikuwa barazani amekaa kwenye kigoda, mikono ameipakata mapajani. Mkewe alitoa kiti, akamtazama mgeni bila kumkaribisha, akaingia ndani kwa mjukuu aliyekuwa akilia.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Za waya?"

"Waya upo." Alikuwa ameyapanga maneno njia nzima, yote yalimtoka. "Mzee, nimekuja kukwambia kwamba siku ile haukuwa wewe. Ulikuwa mkono wangu."

Akamweleza. Alieleza vibaya, akirudi nyuma na kwenda mbele, akataja ugonjwa kabla ya simu na simu kabla ya fundi. Hakumtaja Mbonea; alisema tu "mtu wa kwangu". Mzee alisikiliza bila kumkatiza. Alipomaliza, walimsikia mtoto ndani akibembelezwa.

"Siku ile," mzee alisema hatimaye, "nilivuta breki bembea ikiwa bado nje ya nguzo ya mwisho. Nililiona tairi dogo linaloshika waya likifika kwenye nguzo, nikavuta. Nilijua hivyo. Nilikwenda mbele ya baraza nikijua hivyo. Kisha wakanionyesha alama zangu na zako kwenye kile kioo kikubwa cha ukumbini, na wewe ukasema uliyosema. Wewe ambaye hujawahi kunisingizia hata kikombe cha chai."

"Mzee wangu..."

"Subiri. Nikaenda nyumbani nikifikiri, labda macho yangu yalinidanganya. Baada ya wiki nikawa nafikiri, hakika yalinidanganya. Nikaenda Lushoto kwa watu wa Fatna. Nilipiga magoti mbele ya mama yake nikaomba radhi kwa kumwulia mtoto. Yule mama alinitemea mate, nami nikaona ni haki yangu." Aliigeuza mikono yake, akaitazama kama mali ya mtu mwingine. "Hii sikuiamini tena. Sishiki panga. Huyo mtoto unayemsikia ni wa binti yangu, amezaliwa mwezi wa nane. Sijambeba. Naogopa nitamwangusha."

Nakijwa alilia, na mzee hakumzuia wala hakumfariji.

"Kwa baraza utakwenda?" aliuliza.

"Keshokutwa. Nimeshaomba nafasi."

"Nenda. Nitakuja kusikiliza." Akaongeza, bila ukali, kama mtu anayetaja hali ya hewa, "Kukusamehe sijui, mwanangu. Usinisubirie. Huenda ikaja, huenda isije."

"Sikuja kuomba hilo."

"Basi vizuri." Akageukia mlangoni, akaita jina la mkewe. Mama yule alitokea. "Niletee mtoto," mzee akasema.

Mkewe alisimama palepale kizingitini, akimtazama yeye, kisha Nakijwa, kisha tena yeye. Akaingia ndani. Nakijwa aliondoka kabla hajarudi, kwa sababu aliona kwamba jambo lile halikuwa lake kulitazama.

*

Ukumbi wa kituo ulijaa. Habari husafiri haraka milimani, na asubuhi hiyo bembea zilikuwa zimeshasimamishwa, kama Mbonea alivyotabiri. Madereva wote walikuwa wamekabidhi simu zao, na kwenye jukwaa kulikuwa na maboksi ya hospitali yakisubiri wapagazi wa kuyabeba kwa miguu. Tabea alimpita Nakijwa mlangoni bila kumsalimu. Wanawake wawili wenye watoto migongoni walimnyooshea vidole.

Mwenyekiti wa baraza, mhandisi Kupaza, alikuwa mama wa maneno machache. Alimsikiliza Nakijwa mpaka mwisho, akaigeuzageuza simu ambayo Nakijwa alikuwa ameikabidhi, sasa ikiwa ndani ya mfuko wa plastiki.

"Mafundi wetu wameifungua jana jioni," alisema. "Kweli imerutiwa, na saa imechezewa. Lakini haitunzi kumbukumbu. Kila asubuhi inafuta ya jana. Haituonyeshi mkono wako ulikuwaje mwezi wa sita, wala hata leo ukoje. Simu kama hii, Bi. Nakijwa, haiwezi kukutetea wala kukushtaki. Haiaminiki kwa lolote."

"Naelewa," Nakijwa alisema. "Nipeni iliyo safi."

Wakashauriana kwa sauti ya chini. Kisha wakaleta simu mpya kutoka kwenye boksi lake, wakaiunganisha na kile kioo kikubwa ukutani, kile kile kilichomwangusha Mzee Shekiondo. Nakijwa alikaa mbele yake. Mgongo wake uliutazama ukumbi, lakini aliwasikia wote wakipumua.

Hakujifanya. Hilo alilitaka liwe wazi zaidi ya yote, hivyo alicheza kwa nguvu zake zote, kama alivyocheza asubuhi alizokuwa bingwa. Raundi ya kwanza alidaka. Ya pili alidaka kwa ncha za vidole. Ya tatu jiwe lilitua, na mtu fulani nyuma akacheka kidogo, akanyamaza. Akarudia, likatua. Akarudia. Kwenye kioo kikubwa kila mtu aliuona mkono wa mchoro, nakala ya mkono wake, ukiteremka kwenye kokoto kama unaopita majini, huku jiwe limeshafika zamani. Hakuna aliyecheka tena. Alicheza mpaka Bi. Kupaza alipomgusa bega na kusema, "Inatosha, mama. Tumeona."

Karani aliandika kwamba lawama ya Shekiondo imefutwa. Mzee alikuwa amekaa karibu na mlango na mkewe, na aliposikia hivyo hakufanya chochote, ila mkewe alianza kulia kwa sauti na wanawake wa karibu wakamshika.

"Limebaki swali moja," alisema Bi. Kupaza. "Umetuambia hukujua. Nami baada ya kukuona ukicheza nimekubali. Basi yupo aliyejua. Sheria inatutaka tumtafute huyo, kwa sababu ndiye aliyeweka watu kwenye hatari kwa makusudi. Nani aliipeleka simu hii kwa fundi?"

Nakijwa aligeuka kwenye kiti.

Mbonea alikuwa mstari wa pili, na koti lake la kijivu. Macho yao yalikutana. Nakijwa alimpa nafasi. Hakumkunjia uso wala kumwashiria kwa kichwa. Alisubiri tu, kama mtu anavyosubiri mwenzake amalize kufunga viatu ili waondoke pamoja. Aliona mkono wa mumewe ukishika mgongo wa kiti cha mbele, vidole vikikaza, bega likiinuka kidogo. Sasa, alifikiri. Sasa hivi.

Bega likashuka. Mbonea alitoa mkono kwenye kiti, akainama, akaanza kutazama sakafu.

"Bi. Nakijwa?" alisema mwenyekiti. "Kama hukumbuki, tutaandika kwamba hakujulikana."

Alikuwa amefunguliwa mlango, na aliuona. Aliyeufungua hakujua, lakini mtu wa mstari wa pili alijua, na alikuwa akiomba kimya kimya, kwa kisogo chake kilichoinama, kwamba apite humo kwa niaba yao wote wawili. Miaka ishirini na mmoja alikuwa akikijua kisogo kile. Alikuwa amekinyoa mwenyewe Jumapili iliyopita.

Kama angenyamaza, hakuna ambaye angepata hasara mpya. Fatna alikuwa kaburini, Shekiondo ameshasafishwa, waya ungefunguliwa baada ya ukaguzi. Kigoda angeendelea nyuma ya stendi, labda na madereva wengine, labda na marubani. Na yeye angerudi nyumbani kwa mtu ambaye angemwuguza kwa upendo, amgeuze ubavu kwa miaka minane, na asiwe na uhakika hata siku moja kwamba anachoambiwa juu ya mwili wake ni kweli.

"Nakumbuka," alisema. "Ni mume wangu."

Ukumbi ulivuma. Bi. Kupaza aliinua mkono mpaka kimya kikarudi. Karani alikuwa kijana wa kutoka mbali, hakumjua mtu pale, aliinua kalamu akasubiri.

"Jina lake kamili, tafadhali."

Nakijwa hakumwondolea macho mumewe. Alisubiri tena kidogo, mara ya mwisho, ingawa hakuwa tena na cha kusubiri.

"Mbonea Elieza Mchome," alisema, na akalitamka polepole ili karani asikosee herufi.